Maisha ya Mpiga Piano Thomas A. Dorsey

Habari za waanzilishi wa kwaya yetu mmekwisha kuzisoma katika kurasa zilizotangulia. Kamati ilituomba tuongeze maisha ya mwanamuziki mmoja wa zamani ambaye kazi yake imegusa uimbaji wa kanisa hata ukafika hapa kwetu Gilgil. Tulimchagua Thomas Andrew Dorsey wa Chicago, Marekani. Hakuwa mmishenari, wala hakuwa mtu wa huku. Lakini kwaya yoyote inayoimba kwa makofi na kuyumba, yenye mpiga kinanda anayemjibu mwimbaji badala ya kumfuata tu, inapita katika njia ambayo mtu huyu aliilima kwa taabu nyingi. Tena swali lililomsumbua maishani mwake bado linaulizwa katika vikao vyetu vya kwaya. Je, mkono uliopiga muziki hotelini Jumamosi usiku unaweza kuuongoza wimbo wa Bwana Jumapili asubuhi?

Kwanza tuondoe mkanganyiko. Kulikuwa na Tommy Dorsey mwingine, Mzungu, mpiga tromboni na kiongozi wa bendi, aliyefariki mwaka 1956. Huyo siye. Wetu alikuwa Mmarekani Mweusi, mtoto wa mhubiri wa Kibaptisti, na katika ulimwengu wa bluzi alijulikana kwa jina la Georgia Tom.

Alizaliwa tarehe 1 Julai 1899 katika mji mdogo wa Villa Rica, jimbo la Georgia. Baba yake, Thomas Madison Dorsey, alikuwa amesoma chuo cha Wabaptisti huko Atlanta, na alihubiri huku na huku, lakini mahubiri hayakujaza sufuria. Ilibidi alime shamba la mtu mwingine kwa kugawana mavuno, jambo ambalo wazee wetu waliokuwa maskwota katika mashamba ya Bonde la Ufa wanalielewa bila kuelezwa. Mama yake, Etta, alipiga ogani. Kwa hiyo mtoto alianza kusikia nyimbo za kanisa mikononi mwa mama yake kabla hajajua kusoma.

Mwaka 1908 familia ilihamia Atlanta kutafuta maisha. Huko mambo yalikuwa magumu zaidi. Baba aliacha uchungaji, wazazi wote wakafanya kazi za vibarua, na mtoto akarudishwa darasa la chini shuleni na kuchekwa na wenzake. Alipofika umri wa miaka kama 12 aliacha masomo. Akapata kazi ya kuuza soda ndani ya ukumbi wa maonyesho ulioitwa 81 Theatre, barabara ya Decatur. Hiyo ndiyo iliyokuwa shule yake ya pili. Kila jioni aliwatazama wapiga piano wa ukumbi ule, akashika mioyoni vidole vyao vilivyokwenda, kisha akarudi kuvijaribu kwenye ogani ya nyumbani. Wakubwa wa bluzi wa siku zile, akina Ma Rainey na Bessie Smith, aliwaona hapo akiwa bado kijana.

Alipopata ujuzi kidogo alianza kualikwa kupiga piano katika karamu za nyumbani, na katika nyumba nyingine ambazo kijitabu cha kanisa hakina haja ya kuzieleza. Alikuwa na sifa moja iliyompa kazi kuliko wenzake: alijua kupiga kwa sauti ya chini sana. Karamu zile zilikuwa na pombe ya magendo, na piano ikinguruma majirani hulalamika na polisi hufika. Dorsey aliibembeleza piano mpaka watu wacheze bila mtaa mzima kujua. Wapiga kinanda wetu watakubaliana nasi kwamba kupiga kwa nguvu ni rahisi. Kupiga polepole na kwa chini, huku watu wakiendelea kutikisika, ni kipawa.

Mwaka 1916 alielekea kaskazini, na kufikia mwaka 1919 alikuwa ameweka makao Chicago. Hakuwa peke yake. Watu Weusi walikuwa wanaukimbia umaskini na ubaguzi wa kusini kwa maelfu. Mwaka 1910 walikuwa kama 44,000 mjini Chicago. Mwaka 1930 walipita 233,000. Walifika na vikapu vyao, lafudhi zao na namna yao ya kuomba na kuimba. Sisi tunaoishi katika mji wa njia panda, mji wa reli, kambi ya jeshi na barabara kuu, ambapo karibu kila mtu ana nyumbani kwingine kwa babu yake, tunaelewa maana ya kwaya iliyojaa watu waliotoka mbali.

Sasa hapa ndipo penye jambo. Makanisa makubwa ya Weusi mjini Chicago yalikuwa na kwaya za kisomo. Ziliimba Handel na Mozart kutoka kwenye noti, kwa utulivu, kanzu zimenyooshwa, bila mguu kutikisika. Ilikuwa fahari ya watu waliotaka kuthibitisha kwamba wameendelea, na hatuwalaumu, kwa sababu walikuwa wanaishi katika nchi iliyowadharau kila siku. Lakini yule mama aliyefika jana kutoka mashambani Georgia au Mississippi alikaa kwenye benchi la nyuma na hakusikia chochote kinachofanana na alivyomlilia Mungu kwao. Tunajua hali hii. Katika makanisa mengi ya Afrika Mashariki ngoma ilikatazwa kwa miaka mingi, na bibi zetu walijifunza kumsifu Mungu huku mikono imebanwa mbavuni.

Dorsey mwenyewe wakati huo hakuwa upande wowote. Alisoma utunzi na upangaji wa muziki katika shule moja ya Chicago, akaanza kuandika nyimbo za bluzi na kuzisajili, akafanya kazi usiku na mchana mpaka afya ya akili ikavunjika mwaka 1920. Mama yake alisafiri kwenda kumchukua na kumrudisha Atlanta apumzike. Mwaka uliofuata, akiwa tena Chicago, alihudhuria mkutano mkuu wa Wabaptisti na kumsikia mwimbaji aitwaye Nix akiimba kwa namna iliyomchoma. Aliona kwamba wimbo wa kanisa nao unaweza kuvutwa, kupindwa na kupambwa kama bluzi, na watu wakainuka. Hapo aliamua kumtumikia Mungu kwa muziki, akapata kazi ya kuongoza muziki katika kanisa dogo la New Hope.

Laiti tungeweza kuandika kwamba hakugeuka nyuma. Aligeuka. Kanisa dogo lilimlipa kidogo, na bendi moja ya jazi ilimwahidi dola 40 kwa wiki. Akaenda. Mwaka 1923 bendi ya King Oliver, mojawapo ya bendi kubwa kabisa za jazi wakati ule, ilirekodi utunzi wake "Riverside Blues". Mwaka 1924 Ma Rainey alimpa kazi ya kuunda na kuongoza bendi yake, akazunguka naye katika kumbi za miji mingi. Kwa umri wa miaka 25 alikuwa amefika mahali ambapo wapiga piano wengi hawafiki hata wakizeeka. Tarehe 1 Agosti 1925 alimwoa Nettie Harper, naye Nettie akapata kazi ya kutunza mavazi ya Ma Rainey ili wasafiri pamoja.

Mwaka 1926 alianguka tena, na mara hii vibaya zaidi. Kwa karibu miaka miwili hakuweza kupiga, hakuweza kuandika, na alifikiria kujiua. Nettie ndiye aliyefanya kazi na kumlisha. Tunalitaja hili wazi kwa sababu katika makanisa yetu ugonjwa huu bado unafichwa kama aibu, na mwimbaji akikosa mazoezi mwezi mzima tunasema amerudi nyuma kiroho. Dorsey alipelekwa kanisani na shemeji yake, na huko askofu aitwaye Haley alimwombea na kumwambia hakuna sababu ya huzuni yake, kwamba Mungu bado ana kazi naye. Yeye mwenyewe alisimulia kwamba alifunguliwa siku ile. Muda si muda jirani yake kijana akafa ghafla, na kutokana na kifo hicho aliandika "If You See My Savior", wimbo wake wa kwanza wa injili uliokuwa na ladha kamili ya bluzi ndani yake.

Alikopa pesa, akachapa nakala, akatuma kwa posta kwa makanisa mamia. Karibu miaka miwili ikapita kabla ya watu kuanza kununua. Alipokwenda mwenyewe kuomba nafasi ya kuuimbisha, wachungaji walimweka asubiri mpaka ibada iishe, au walimkaribisha na kumsahau, au walimwonyesha mlango. Baadaye maishani alikuwa akijigamba, kwa mzaha, kwamba ametupwa nje ya makanisa mazuri kabisa ya Marekani.

Njaa haina mzaha, na mwaka 1928 mpiga gitaa mmoja, Tampa Red, alimletea maneno ya wimbo wa kuchekesha wenye matusi yaliyofunikwa. Dorsey alisita, kisha akautia muziki. Wimbo huo, "It's Tight Like That", ulivuma Marekani nzima, na hundi ya kwanza ilikuwa zaidi ya dola 2,400. Kwa mtu aliyekuwa akikopa pesa za stempu, hiyo ilikuwa mali. Kwa hiyo kwa miaka kadhaa Dorsey huyo huyo aliandika nyimbo za injili mchana na kurekodi nyimbo za aibu kwa jina la Georgia Tom. Kuna waandishi wanaopenda kuiruka sehemu hii ya maisha yake, au kuipanga upya ili wokovu uje mara moja na dhambi iishe siku hiyo. Sisi tumeona ni heri iachwe ilivyo. Kati yetu wapo wapiga kinanda wanaolipwa karo za watoto na harusi za Naivasha na hoteli za Nakuru, na wanajua kuchaguana huku na kule hakuishi kwa siku moja.

Mlango ulifunguka mwaka 1930. Mkutano mkuu wa Wabaptisti ulikuwa Chicago tena, na mwimbaji mmoja akaimba "If You See My Savior" mbele ya wajumbe. Watu wakainuka. Maelfu ya nakala ziliuzwa katika mkutano ule mmoja, na wajumbe wakazibeba makwao.

Mwaka uliofuata mchungaji wa kanisa la Ebenezer Baptist, J. H. Lorenzo Smith, alitaka kusikia tena kanisani mwake uimbaji wa kusini alioukumbuka. Akamwita Dorsey pamoja na mwimbaji Theodore Frye waunde kwaya mpya kando ya kwaya kuu. Waliojiunga walikuwa watu wa kawaida, wengi wao wageni wa mji, ambao hawakuwa na habari na noti. Walifundishwa kwa sikio, mstari kwa mstari, sauti kwa sauti, mpaka wimbo ukakaa moyoni na mikono ikabaki huru kupiga makofi. Frye aliimba huku akitembea na kurukaruka mbele ya madhabahu, na Dorsey kwenye piano alikuwa kila mara akisimama na kuketi. Waliokuwa wakiongoza kwaya kuu walichukia, na kuna waliosema kanisa limegeuzwa ukumbi wa dansi. Lakini viti vilijaa. Mwaka 1932 Mchungaji Junius C. Austin wa Pilgrim Baptist, moja ya makanisa makubwa kabisa ya Weusi mjini, akamwita Dorsey aongoze kwaya ya namna hiyo kwake. Alikaa katika kazi hiyo zaidi ya miaka 40.

Tuseme kidogo juu ya muziki wenyewe, kwa ajili ya wale wanaopenda solfa. Alichokileta kutoka kwenye bluzi si mapigo tu. Ni ile noti iliyoshushwa nusu, pale ambapo *mi* inakuwa *ma* na *ti* inakuwa *ta*, ikaguswa na kuachwa kabla haijatulia, kama mtu anayetaka kulia na kujizuia. Mkono wa kushoto unatembea na kushika mwendo. Mkono wa kulia haupigi sauti ya kwanza pamoja na mwimbaji kama tulivyofundishwa wengi wetu, bali unamngoja amalize mstari, kisha unamjibu. Na alichokichapa kwenye karatasi kilikuwa kama mifupa tu. Nyama ilitakiwa kuwekwa na mwimbaji, kila mmoja kwa roho yake. Ndiyo maana wimbo wake mmoja ukisikika kwa waimbaji kumi unakuwa nyimbo kumi, na ndiyo maana mwalimu wa kwaya anayedai kila nukta ifuatwe atapata shida naye.

Mwezi wa Agosti 1932 Dorsey aliondoka Chicago kwa gari kwenda St. Louis kuimbisha katika mkutano wa uamsho. Nettie alikuwa na mimba ya mtoto wao wa kwanza, siku zimekaribia. Kama alivyosimulia mwenyewe baadaye, hakuwa na amani kuondoka. Njiani aligundua kwamba amesahau mkoba wa nyimbo, akarudi nyumbani, akamkuta mke wake amelala usingizi mzuri, hakutaka kumwamsha, akachukua mkoba na kwenda zake. Usiku wa mkutano, akiwa jukwaani, aliletewa telegramu. Mke wake amefariki akijifungua. Alirudishwa Chicago kwa gari usiku ule, akamkuta mtoto wa kiume yuko hai, akamshika. Siku haikuisha mtoto naye akafa. Waliwazika katika jeneza moja.

Dorsey alimkasirikia Mungu. Hakutaka kuandika tena wimbo wa injili hata mmoja, na aliwaza kurudi kwenye jazi aliyoijua, ambako angalau hakuna aliyemwahidi kitu. Siku chache baada ya mazishi, rafiki yake Frye alimpeleka katika chuo cha Poro, shule ya urembo iliyoanzishwa na mfanyabiashara Mweusi Annie Malone, ambako kulikuwa na chumba cha muziki kilichotulia. Aliketi kwenye piano, vidole vikaanza kuzunguka juu ya tuni ya zamani iitwayo Maitland, tuni ya tenzi ya karne iliyotangulia ambayo Wabaptisti waliijua vizuri. Maneno yakaanza kuja yenyewe. Ni ombi la mtu aliyechoka, aliye gizani na mvuani, akiomba Bwana amshike mkono amfikishe nyumbani. Frye alimsahihisha neno moja tu, akashauri Bwana aitwe wa thamani badala ya mbarikiwa, na hilo neno ndilo lililobeba jina la wimbo: "Take My Hand, Precious Lord". Jumapili iliyofuata waliupeleka Ebenezer, Frye akaimba, Dorsey akapiga, na kanisa likalia. Tangu mwaka huo hakurudi tena kwenye bluzi.

Wengi wetu tuliusikia wimbo huo kwa mara ya kwanza redioni kwa sauti ya Jim Reeves, ambaye wazee wa Bonde la Ufa wanampenda kama ndugu wa ukoo, na wapo wanaoamini mpaka leo kwamba ni wimbo wa Wazungu wa mashambani. Hapana. Ulitungwa na mpiga jazi Mweusi aliyekuwa amemzika mke na mtoto wiki hiyo.

Baada ya hapo maisha yake yanakuwa ya kazi zaidi kuliko ya matukio. Mwaka 1933 kwaya za namna yake zilikutana Chicago katika kongamano la kwanza la kitaifa la kwaya za injili, ambalo yeye na wenzake, akiwemo Sallie Martin na Magnolia Lewis Butts, walikuwa wameliunda, na aliliongoza kama rais kwa miongo mingi. Kila mwaka walimu wa kwaya walikusanyika, wakafundishana nyimbo mpya, wakarudi nazo makwao. Kabla ya hapo mwalimu wa kwaya wa mji mdogo alikuwa peke yake. Tamasha zetu za kwaya, ambapo parokia na dayosisi huletana pamoja na kila mtu anarudi na karatasi ya solfa mfukoni, zinafanya kazi ileile.

Sallie Martin anastahili zaidi ya sentensi moja. Sauti yake haikuwa laini, hata Dorsey alisita kumchukua mwanzoni. Lakini dada huyu alikuwa na jicho la hesabu. Alikuta Dorsey anaweka pesa za mauzo ovyo, bila kitabu, bila risiti, kila mtu anachukua. Akaanza kuandika kila kilichoingia na kilichotoka, akapanga maajenti, akasafiri kuuza nakala kanisa kwa kanisa, na biashara ikasimama. Walifanya kazi pamoja mpaka 1940, akaondoka kwenda kuanzisha kampuni yake ya kuchapa nyimbo. Bila yeye tunaamini nyimbo nyingi za Dorsey zingebaki kwenye droo. Mweka hazina wetu ametuomba tuliweke jambo hili kijitabuni, nasi tumeliweka kwa furaha. Mwaka 1936 Dorsey aliandaa shindano la uimbaji kati ya Sallie Martin na Roberta Martin katika shule ya sekondari ya DuSable, kiingilio senti 15, na kuna waliokasirika kwamba watu wanatozwa ili wasikie injili. Ukumbi hata hivyo ulipata watu.

Alimlea pia Mahalia Jackson. Walizunguka pamoja miaka mingi, yeye kwenye piano na Mahalia akiimba, nakala zikiuzwa mlangoni. Alimfundisha kupunguza mwendo, kupumua, kuanza chini ili awe na mahali pa kupanda. Mama Mahalia hakuwa mwanafunzi mtiifu sana, na tunafikiri ndiyo maana akawa Mahalia. Kwa ajili yake Dorsey aliandika "Peace in the Valley" mwishoni mwa miaka ya 1930, vita vikubwa vikiwa vinanukia Ulaya. Elvis Presley aliuimba wimbo huo katika televisheni ya taifa tarehe 6 Januari 1957, na mamilioni waliokuwa hawajawahi kukanyaga kanisa la Weusi wakausikia. Dorsey mwenyewe alikuwa bado Pilgrim, akifanya mazoezi na kwaya yake. Alikuwa amemwoa Kathryn Mosley, wakapata watoto wawili.

Ule wimbo wa 1932 uliendelea kwenda mahali pa kilio. Ulikuwa kipenzi cha Martin Luther King. Jioni ya tarehe 4 Aprili 1968, akiwa kwenye roshani ya hoteli mjini Memphis, alimwomba mpiga saksafoni Ben Branch aupige vizuri katika mkutano wa usiku ule. Muda mfupi baadaye akapigwa risasi. Mahalia Jackson aliuimba katika mazishi yake. Mahalia naye alipofariki mwaka 1972, Aretha Franklin aliuimba kwake. Na mwaka uliofuata mwimbaji wa opera Leontyne Price aliuimba kwenye mazishi ya aliyekuwa Rais wa Marekani, Lyndon Johnson. Wimbo uliotoka kwenye mkono wa kijana wa kuuza soda ukafika mbele ya jeneza la rais.

Mwaka 1979 Dorsey aliingizwa katika ukumbi wa heshima wa watunzi wa nyimbo wa Nashville, Mmarekani Mweusi wa kwanza kupewa nafasi hiyo. Mwaka 1982 filamu ya "Say Amen, Somebody" ilimwonyesha akiwa mzee, mikono inatetemeka, bado anaelekeza waimbaji. Ugonjwa wa kusahau ukamchukua kidogo kidogo. Alifariki Chicago tarehe 23 Januari 1993, akiwa na umri wa miaka 93, na akazikwa katika makaburi ya Oak Woods. Nyimbo zake za injili zinahesabiwa kufika elfu moja hivi.

Kanisa la Pilgrim, jengo kubwa la mawe lililokuwa sinagogi la Wayahudi tangu 1891 kabla Wabaptisti hawajalinunua, lilishika moto wakati wa matengenezo ya paa tarehe 6 Januari 2006. Paa lilianguka ndani, kuta zikabaki zimesimama. Kongamano lake la kwaya bado linakutana kila mwaka.

"Take My Hand, Precious Lord" utaimbwa leo mchana baada ya mahubiri, sauti zote nne, ubeti wa pili ukiongozwa na kina mama. Mpiga kinanda ameombwa aupige polepole na kwa chini.